Apdeti za Shemeji

Shemeji yangu, mume wa dada yangu mkubwa, sikumpenda, na sioni kwa nini nianze kumpenda leo eti kwa sababu nimeshika kalamu. Alikuwa mjuaji. Ukimwambia mvua inanyesha, alitoka nje kuhakikisha, kisha akarudi kukufahamisha wewe kwamba inanyesha.

Alifungua saiba hapa Machakos mjini, si mbali na soko, miaka ile kabla waya wa baharini haujatuletea intaneti ya maana. Ya kwetu ilitoka kwenye antena juu ya paa, na ilikuja ikijisikia. Mimi ndiye niliyekaa meza ya mbele. Niliwachapia watu barua, nikawafungulia barua pepe, nikavumilia. Chumba cha nyuma, kilichokatwa kwa plaiwudi, kilikuwa himaya yake. Huko aliweka mashine za michezo: mpira, mbio za magari, na ule wa kupigana risasi uliowafanya vijana wapige mayowe hadi muuza mitumba wa jirani akaja kutugombeza.

Michezo hiyo aliitoa kwenye duka moja la mtandaoni. Unafungua akaunti, unanunua, mchezo unashuka kwenye mashine yako. Shida ni kwamba duka lenyewe halikuuacha mchezo utulie. Kila waliouunda walipobadilisha kitu huko kwao, hata kama ni rangi ya kofia ya askari, mashine ilianza kuvuta mabadiliko yenyewe, bila hodi. Tuliziita apdeti. Mashine zote zikivuta kwa pamoja, meza ya mbele ilikufa. Mteja anasubiri kujua kama ameitwa kazi kwenye viwanda vya EPZ kule Athi River, anakodolea ukurasa mweupe, halafu matusi yananijia mimi.

Nilimwambia mara nyingi. Nilikuwa nimemwona akifanya: unabonyeza jina la mchezo kwa kitufe cha kulia cha mausi, unafungua sifa zake, unachagua usijisasishe. Mchezo kwa mchezo, mashine kwa mashine. Tuzime zote, nilisema, tuwe tunavuta asubuhi kabla ya kufungua.

"Wewe kaa na barua zako," alinijibu. "Hii maneno ya gemu iko na wenyewe. Kijana akikuja apate gemu ni ya zamani, si anaenda kwa yule mwingine huko chini?"

Sikio la kufa halisikii dawa. Neno la siri hakunipa. Kompyuta zenyewe alizifungia kwenye vizimba vya chuma, nyaya zote zikiwa humo, kwa sababu wateja walikuwa wamemwibia memori. Ufunguo aliufunga kwenye mkanda wa suruali, akatembea nao ukilia kama njuga.

Mwaka huo macho ya mama yalikuwa yanazimika. Ilikuwa presha ya macho, na hospitali walimweleza bila kumficha kwamba yaliyokwenda yamekwenda, na yaliyobaki yatafuata. Ndugu yangu alikuwa Uarabuni akilinda jumba la watu, na mkataba haukumruhusu kurudi upesi. Mama alitaka jambo moja tu: amwone mwanawe uso kabla giza halijafunga. Ndugu yangu akapata mwenzake mwenye kompyuta yenye kamera, akaazimwa kwa muda mfupi Jumapili, kabla gari la kazini halijawachukua. Kioo kikubwa kuliko vyote pale saiba kilikuwa kwenye chumba cha michezo. Nikamwomba shemeji azime apdeti zake siku hiyo moja.

"Nimezima," aliniambia Jumamosi, kifua mbele. "Mwambie mama akuje tu."

Mama akaja kutoka Kangundo na kitambaa chake cha kanisani kichwani. Shemeji alikuwa ameshatoka, ameketi barabarani kwa mpiga viatu rangi. Kwetu Ukambani mama mkwe na mkwewe hawakai chumba kimoja. Ni nthoni, heshima ya wakwe, na wakikutana njiani kila mmoja hutafuta pa kuchepukia. Wengi wa rika langu walikuwa wameilegeza. Mama hakuilegeza, na shemeji, ambaye aliyaacha mengi mema, hilo alilishika kwa mikono miwili.

Simu ya mtandao ikaita. Sauti ya ndugu yangu ikaja safi, ikimwita mama kwa Kikamba: "Mwaitu! Mwaitu, unaniona?"

Uso haukuja. Vilikuja vipande vya mraba vya rangi ya kahawia, vikasogea kidogo, vikaganda. Mama akainama hadi pua ikakaribia kioo.

"Ni yeye?"

"Ni yeye, mwaitu."

"Mwana wakwa," mama akakiambia kile kioo, "mbona huna macho?"

Nikageuka. Mashine zote za pembeni zilikuwa zinavuta. Mistari ya buluu ilikuwa ikijaza vioo, polepole, kwa raha zake. Nikatoka mbio.

"Ulisema umezima!"

"Nimezima ile ya mama."

"Na hizo zingine?"

"Hizo si mama anatumia."

Mjuaji wangu! Laini ni moja, antena ni moja, naye amezuia mdomo mmoja akaacha mingine yote inywe. Nilimwita jina ambalo siwezi kuliandika hapa, na mpiga viatu akaacha kusugua.

"Leta ufunguo ning'oe waya."

"Ung'oe? Gemu iharibike katikati? Hapana, nitazima mwenyewe."

Akaja hadi mlangoni, akasimama, akakohoa. Huko ndani mama akamtambua, akaanza kuinuka.

"Mama, kaa! Muda unaisha!"

"Mwiitu," akaniita, yaani binti, "huyo ni muthoni wakwa, mkwe wangu."

"Kaa, nakuomba!"

Ni kama niliuomba ukuta. Alijifunika leso, akapapasa plaiwudi kuelekea mlango wa uani, na mimi ikanibidi nimshike mkono asijikwae kwenye kizingiti. Ndugu yangu alibaki akiita. Shemeji alingoja barabarani, ameupa mlango kisogo, hadi niliposema ametoka.

Niliporudi ndani, shemeji alikuwa akiandika neno lake la siri, anazima moja, anahamia nyingine. Na ule uso ukafunguka. Ulikuwa ndugu yangu mzima, akitabasamu, akitazama chumba kisicho na mama.

"Mwaitu ako wapi?"

Nikakimbia uani. Mama hakukubali kuingia mpaka shemeji atoke. Shemeji akatoka. Nikamvuta mama kama mtoto, nikamkalisha. Kioo kilikuwa safi kabisa. Kilionyesha kiti kitupu na ukuta mweupe wa Uarabuni.

"Gari imekuja," sauti ilisema kutoka pembeni. "Mwaitu, gari imekuja." Kisha kioo kikawa cheusi.

Mama aliendelea kukitazama. "Anakaaje siku hizi?" aliuliza. Nilifungua mdomo, kilio kikatoka badala ya maneno.

Aliyejibu ni shemeji, akiwa upande wa pili wa plaiwudi.

"Mwambie mama ako na ndevu," alisema, kana kwamba mimi ndiye niliyeuliza. "Si nyingi, ni za kidevu. Amekonda mashavu lakini shingo iko na nguvu. Nywele amenyoa. Akicheka ile jino ya mbele bado inapanda juu ya ingine. Shati ni ya buluu, imepigwa pasi. Mwambie anaangalia tu vile alikuwa anaangalia."

Mama alisikiliza kichwa kimeinama, akitikisa kidogo kwa kila jambo. Shemeji hakuharakisha. Alipomaliza, aliyarudia ya ndevu, kwa sababu mama alikuwa ameguna.

Macho yalifunga kabisa kabla ndugu yangu hajarudi. Wanawake wa kanisa walikuja kumpa pole, na mimi nilikuwepo nikiwamiminia chai. Walimuuliza kama ni kweli aliwahi kumwona mwanawe kwenye kompyuta, kule mjini. Mama alisema ni kweli, alimwona. Akawaeleza ndevu za kidevu, mashavu yaliyokonda, shati la buluu lililopigwa pasi.