Vichwa Vitatu kwenye Ubao wa Kinyozi

Tulikuwa marafiki watatu, wachora mabango mjini Singida. Kazi zikipungua tulichora hata namba za milango. Kisha UKIMWI ukaja, na dawa zilikuwa bado hazijatufikia. Wa kwanza aliugua akafariki kabla ya mavuno. Mwaka uliofuata tukamzika wa pili kwao Nduguti. Nikabaki na brashi za watu watatu.

Huyu wa pili aliacha binti anayenyonya. Mwaka jana binti huyo, sasa ni mwalimu na anaishi Mandewa, alinijia kibandani.

"Shikamoo, baba mdogo. Naomba unichoree baba. Sura yake siijui."

Alinieleza kwamba bibi yake alichoma nguo zote za marehemu pamoja na picha zake, maana watu walisema ugonjwa umekaa humo. Nikakubali. Nilijaribu siku nne. Pua ilikataa, macho yakawa ya mtu nisiyemjua. Niliona aibu: mtu niliyekula naye sahani moja miaka yote ile, sura imenitoka.

Ndipo nikakumbuka kwamba zamani tulimchorea kinyozi mmoja ubao wa mitindo ya nywele. Hatukuwa na picha za kuiga, basi tukachorana wenyewe kwa wenyewe. Nikaenda na binti. Kinyozi alishahama, lakini mwenye jengo, mama wa Kihindi anayeuza vitambaa, alisema yeye huwa hatupi kitu. Akatufungulia stoo.

Ubao ulikuwa nyuma ya majora, umegeuziwa ukutani. Nilipoufuta vumbi tukatokea wote watatu, vijana, nywele zimechongwa sawasawa. Kinyozi alitaka nywele tu. Lakini yule rafiki yetu wa kwanza kufariki, ambaye ndiye aliyemchora baba wa binti huyu, alikuwa ameweka hata kovu dogo juu ya nyusi, na ule mdomo wa mtu anayejizuia kucheka. Marehemu alikuwa amemtunza marehemu mwenzake, nami sikujua.

Nikamwonyesha binti kichwa cha baba yake. Alipiga magoti mbele ya ubao, akashika masikio yake mwenyewe.

"Kumbe nimeyatoa kwako," akamwambia baba yake.

Sasa ubao uko sebuleni kwake Mandewa. Bibi aliletwa kutoka Nduguti kuuona, akaketi mbele yake mchana kutwa akizungumza na mwanawe kwa Kinyiramba. Mimi huenda Jumapili. Nawekewa chai, nakaa nawatazama wenzangu mpaka inapoa.