Aliyekuwa Amwozeshe Mdogo Wetu

Waliokuwepo siku ile ni hawa. Ami yetu, mdogo wake baba, aliyekuja kutoka Nizwa mapema wiki ile. Shangazi yetu, ambaye hakukaa kitako tangu alfajiri. Bwana arusi, baba yake na kaka zake, waliotoka Sur. Sheikh wa kufungisha ndoa. Majirani zetu wa Ibra, wanaume majlisi na wanawake ndani. Mdogo wetu wa mwisho, bibi arusi, kakaa kitandani na hina yake mpaka kwenye vifundo vya mikono. Mimi, dada mkubwa, niliyewalea wadogo zangu wawili tangu wazazi wetu walipofariki pamoja kwenye njia ya Sinaw, gari yao ilipogonga ngamia. Na ndugu yangu wa kiume, aliyezaliwa kati yetu, ambaye alisafiri kutoka Uholanzi kwa ajili ya jambo moja tu, kumwozesha mdogo wetu. Baba hayupo na babu hayupo, kwa hiyo walii wake ni yeye. Alikuwepo, kanzu yake niliipiga pasi mwenyewe, na hakumwozesha.

Skuli mimi niliiacha mapema. Baba na mama walipozikwa, mdogo wetu alikuwa bado wa kubebwa. Ami alitaka kutugawa, mmoja aende kwake Nizwa, mmoja kwa shangazi. Nilikataa. Nilishona nguo za kike na kuziuza Soko la Jumatano, lile la wanawake, na ami, ingawa nilimkatalia, alitusaidia kwa kila alichoweza. Hilo sitaki msomaji alisahau anapofika mbele.

Miaka ya tisini ndugu yangu alikwenda Uholanzi kusomea umeme. Hakuumaliza. Aliniambia kwa simu kwamba amepata kazi ya sauti, katika tamthilia na filamu. Sikuelewa. Akaeleza kwamba mtu akitembea kwenye filamu, zile nyayo unazosikia si zake. Kuna mtu ameziweka, na mtu huyo ni yeye. Shangazi alipopata habari alicheka mpaka akajifuta macho. Kila alipopiga simu baada ya hapo alimtania, "Wewe mwana, tumekusomesha ili ukawatembelee watu?"

Kazi hiyo haikuwa na saa. Kulikuwa na wiki ambazo alikaa nyumbani kusubiri kuitwa, na wiki nyengine ambazo alikaa chumbani na mashine zake usiku na mchana kwa sababu filamu inatakiwa. Nilipomwuliza amekula nini mchana aliniambia mchana kwake ulikuwa bado.

Kisha akaugua. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Mguu wa kushoto ulianza kukakamaa kama kijiti, baadaye na mkono. Madaktari walisema ni maradhi ya mishipa ya fahamu, na kwamba hayaondoki, yanatulizwa tu. Walimpa vidonge vya namna kwa namna. Vyengine vilimlaza siku nzima, vyengine vilimtapisha. Siku moja akapiga simu, sauti yake nyepesi, nikajua kuna kilichomfaa.

"Dada, nikikwambia jina lake usije ukaniapiza."

"Niambie."

"Bangi."

Akaniambia haraka kwamba inatoka duka la dawa, ndani ya kopo lenye jina lake na jina la daktari, na kwamba haivuti. Anaichemsha na kuinywa kama chai. Akasema mara ya kwanza alipoinywa alilala na mguu umenyooka, akaamka akalia. Nikamwambia kama daktari ndiye aliyeandika, basi anywe, na asimwambie mtu.

Tatizo lake lilikuwa kazi. Daktari alimwandikia asubuhi na jioni, kana kwamba ndugu yangu ana asubuhi na jioni. Na mwenyewe aligundua jambo ambalo daktari hakulijua. Ile dawa ilimnyoosha mguu, lakini ilimdanganya masikio. Kila sauti aliiona nzuri. Aliwahi kupitisha kazi aliyoifanya baada ya kunywa, akaja kuisikiliza kesho yake, akaona haya. Tangu hapo alijiwekea sharti. Akiwa na kazi hainywi. Anavumilia mpaka kazi iishe, iwe ni siku moja au wiki, ndipo anachemsha. Watu wa kazini walimwona mguu ukitetemeka chini ya meza na wakadhani ana haraka.

Basi mdogo wetu alipoposwa na kijana wa Sur, wa upande wa Aija, ndugu yangu alisema atakuja hata kwa kutambaa. Nikamwambia asije na dawa yake. Kwetu Oman haipiti, hata uwe na karatasi ya daktari. Akanijibu kwamba alishaliwaza hilo, na kwamba ameanza kuipunguza taratibu ili mwili uzoee. Mwili haukuzoea.

Alikaa nyumbani kwangu karibu mwezi mzima kabla ya nikaha. Alikuja na kompyuta yake, kwa sababu kulikuwa na filamu inayomsubiri, na kila mchana alikaa chini sebuleni, vidude vya kusikilizia masikioni, mguu kaunyoosha mbele. Ukimkakamaa niliacha cherehani, nikamkanda kwa mafuta ya ufuta. Hakulalamika. Alinitania kwamba mikono yangu ina nguvu za kukanda unga, mguu wake si chapati. Mdogo wetu akipita alimpiga kofi la kichwa na kumwambia, "Kaka, hebu toka ukaone jua, umekuwa mweupe kama wao." Alimpenda sana. Alikuwa akiwaambia rafiki zake kwamba kaka yake anakuja kumwozesha, na alilisema kana kwamba wao hawana kaka.

Ami alipofika kutoka Nizwa, tulikaa watatu baada ya sala ya alasiri, yeye, ndugu yangu na mimi, kwa tende na kahawa. Ndugu yangu, kwa kuwa ndiye kijana, alishika dele akamimina. Mguu ukamrusha na kahawa ikamwagika mkekani. Ami hakukasirika. Alimwonea huruma. Alisema naye mgongo wake umemshinda, hospitali kaenda mpaka amechoka.

"Hao madaktari wa huko wanakupa nini, mwanangu? Nitajie jina. Mtoto wa jirani yangu yuko Ulaya, nimwagize."

Angeweza kusema ni dawa ya mishipa, na isingekuwa uongo. Lakini aliulizwa jina, na aliyeuliza ni ami yake, anayeumwa kama yeye.

"Ami, iliyonifaa mimi ni bangi. Naandikiwa na daktari, na naichukua duka la dawa. Hapa sikuja nayo."

Ami alikitikisa kikombe chake, ishara kwamba ametosheka, ingawa alikuwa amekunywa kimoja tu. Akauliza wageni wa Sur watafika saa ngapi.

Asubuhi yake aliniita uani, palipokuwa pakioshwa masufuria.

"Wewe ndiye mama yao, kwa hiyo nakwambia wewe," alisema. "Mimi simhukumu mgonjwa. Lakini walii ni mtu wa kusimama mbele ya watu. Wa Sur wakija kusikia baadaye, watasema mke wetu kaozeshwa na mvuta bangi. Na mimi nilikuwa nimekaa pale, najua."

"Havuti, Ami. Na sasa hainywi kabisa. Kaiacha huko."

"Kaiacha kwa kumwogopa Mungu, au kwa kuogopa polisi wa uwanja wa ndege?"

Jibu lilinijia miezi baadaye, nikikata kitambaa peke yangu: kaiacha kwa ajili yetu. Lakini pale uani nilisema tu kwamba basi tumwulize sheikh, yeye ndiye mjuzi. Ami akatikisa kichwa. Ukishamwuliza sheikh, alisema, umeshaifanya habari. Bora ndugu yangu amfanye yeye, ami, kuwa wakili wake wa kuozesha. Walii anaruhusiwa. Hakuna atakayeuliza, na ndoa itakuwa safi. Alisema hayo kwa upole, kama mtu anayezima moto kabla jirani hajauona, na mimi, ambaye maisha yangu yote nimeshughulika jina la nyumba hii lisichafuke, nikaona ana haki.

Nilikwenda kwa ndugu yangu. Alivua vile vidude masikioni kabla sijafika.

"Umesimama mlangoni mara mbili," alisema. "Ami hataki niozeshe."

Nikamweleza yote. Alisikiliza huku akijikanda goti. Nilitaka akasirike. Nilimwambia akikataa nitasimama naye, nitakwenda kwa sheikh mwenyewe, na nilikuwa nasema kweli. Lakini nadhani alisikia pia kwamba nilikuwa naomba asikatae.

"Nitampa Ami," alisema. "Ila mdogo wetu asijue kwa nini. Mwambie mguu hauniruhusu kukaa na watu."

"Hataamini."

"Akijua atavunja harusi. Humjui? Atasema bila ya kaka haolewi, na atamwambia Ami maneno ambayo hayarudi."

"Atakuchukia."

"Anichukie mimi. Mimi napanda ndege. Wewe na Ami mnabaki naye."

Akanitaka nimwahidi. Nikamwahidi. Ndugu zangu hawa wanajua kwamba nikishasema nimesema. Ndivyo tulivyoishi sisi watatu, kwa mtu kujua kwamba neno langu halibadiliki.

Siku ya nikaha nilisimama upande wa ndani wa mlango wa majlisi, na chetezo cha ubani mkononi. Nilimsikia ndugu yangu akisema kwa Kiarabu, polepole, kwamba amemfanya ami yake wakili. Sheikh akapokea bila ya swali lolote. Kisha nikamsikia ami akimwozesha, na bwana arusi akikubali. Baina ya sauti ya ndugu yangu na sauti ya ami palikuwa na kimya kifupi, cha watu kusogezana ili ami akae karibu na bwana arusi. Ndugu yangu ndiye aliyesogea.

Wanawake walipiga vigelegele. Nilipoingia chumbani mdogo wetu alikuwa ameshaambiwa. Mtu mmoja wa majlisi alimpa habari mkewe, na mke akaileta pale pale, kwa nia njema, kwamba ami kaozesha vizuri sana. Mdogo wetu akaniangalia.

"Kaka yuko wapi?"

"Yuko na wanaume. Mguu umemshika."

"Mguu umemshika, na mkono nao?" Hakupaza sauti. "Anakaa na kompyuta yake tangu asubuhi mpaka magharibi. Kwangu mimi kashindwa kukaa muda wa kupeana mkono."

Shangazi akamwambia anyamaze, asilie, wanja utamwagika. Hakulia. Ndugu yangu alipokuja kumpa mkono wa heri, mdogo wetu alimpa ncha za vidole, kama anavyopewa mgeni. Baadaye nilimkuta ndugu yangu uani, kaegemea ukuta kwa bega zima, na tukazungumza juu ya wali, kama ulitosha.

Aliondoka wiki ile ile. Filamu yake ilikuwa imechelewa. Aliniambia kwa simu kwamba alifika, akaimaliza kazi kwanza, kama ilivyo sharti lake, ndipo akafungua kabati la dawa.

Mdogo wetu aliishi vizuri na mumewe. Wakwe zake walikuwa watu wa kawaida, wenye mambo yao. Sidhani kama wangeuliza lolote. Hilo nalo ni katika mambo yanayoniuma, kwamba watu tuliowaogopa hatukuwajua. Ami alifariki baada ya miaka michache, kwa ule ule mgongo, ambao haukuwa mgongo tu. Mwishoni alipewa hospitali dawa kali ya maumivu, akawa anasinzia, akiamka ananiuliza hali ya mguu wa ndugu yangu. Aliuliza mara nyingi. Zaidi ya hapo hakusema, na mimi sikumchokoza.

Tulipomaliza matanga ya ami nilimpigia ndugu yangu, nikamwomba anifungue ile ahadi. Nilimwambia sasa hakuna wa kugombana naye, acha nimweleze mdogo wetu ilivyokuwa. Akasema mdogo wetu ana mimba, tumwache ajifungue. Alipojifungua nikamwomba tena. Akasema ami ndiye aliyemwozesha, na kaburi lake bado bichi, kwa nini tumfanye amchukie mtu asiyeweza kujibu. Kila nilipomwomba alikuwa na sababu, na kila sababu ilikuwa ya kumhifadhi mwengine.

Yeye hakurudi tena. Safari zilimzidi nguvu, na bila ya dawa asingeweza kukaa kwenye ndege. Kazi alipunguza. Ananiuliza habari za mdogo wetu, na mimi nampa zote, mpaka rangi ya mapazia.

Mara ya mwisho nilipokwenda Sur nilivuka daraja la Aija mchana, nikamkuta mdogo wetu anamwogesha mtoto wake. Tulikaa tukazungumza mambo ya nyumba. Nikataja jina la ndugu yangu, kama ninavyolitaja kila mara, nione. Alimkausha mtoto masikio, taratibu, moja baada ya jengine.

"Wanangu hawana mjomba, Dada," alisema. "Na usinitazame hivyo. Sikuachana naye mimi. Aliachana nami yeye, mbele ya watu, siku ambayo sikuwa na baba."

Maneno yote yalikuwa mdomoni mwangu. Nilichoweza kusema ni, "Mjomba wanaye."

"Basi mwambie aje."

Nikainuka nikamsaidia kumvalisha mtoto. Nilirudi Ibra na ahadi yangu kama nilivyokwenda nayo. Aliyenipa amri ya kunyamaza anazidi kuchoka, na sijui atasubiri mpaka lini. Nina deni la kumrudishia ndugu yangu mdogo wake, na bado sijalilipa.