Isale la Kweli Jukwaani

Siku yangu ya kwanza kazini sikuimba hata mstari mmoja. Mwalimu wa kikundi, mzee mmoja mkali wa Kibosho, alinisimamisha kando ya Agripina akaniambia nisikilize tu. Agripina alikuwa sauti ya kwanza, ile inayobeba wimbo wenyewe. Mimi niliwekwa sauti ya pili, inayokaa chini yake na kuishika isiyumbe. Tulikuwa wanne, bila kinanda wala ngoma, kwa hiyo mmoja akiteleza wote mnaanguka. "Usijisikilize," mwalimu alisema. "Msikilize wa pembeni yako."

Nilimsikiliza Agripina miaka mingi, harusini, misibani na kwenye kumbi za Moshi mjini. Huko mjini tukapata mwongozaji, yaani anayepanga nani aigize nini na asimame wapi, akatuingiza kwenye maigizo. Hapo ndipo nilipoharibu. Agripina alipewa nafasi ya mke mkubwa, tamu kuliko zote, nami kwa kijicho nikamnong'oneza mwongozaji kwamba mwenzangu koo limeharibika. Nafasi nikapewa mimi. Agripina alipojua hakugomba, aliacha tu kunisalimia. Tukawa tunaimba bega kwa bega huku tumenuniana, nyimbo zikapooza. Mwishowe akatangaza kwamba baada ya onyesho la Masama anaacha kikundi. Niliumia, maana bila yeye sikujua niimbe nikimsikiliza nani.

Katika mchezo ule mke mkubwa humpigia mumewe magoti akiwa na isale, lile jani ambalo Mchagga akiletewa na aliyemkosea hana ruhusa ya kukataa kusamehe. Mwongozaji alipiga marufuku la kweli, tukawa tunatumia jani la mahindi. "Isale haliigizwi," alituambia.

Asubuhi ya safari ya Masama nilichuma la kweli mpakani mwa kihamba cha mama, shamba letu la migomba. Zamu yangu ilipofika nikampita yule mume, nikaenda kupiga magoti mbele ya Agripina, aliyekuwa kwenye mstari wa waimbaji. Wazee wa viti vya mbele walilitambua jani.

"Nilikusingizia, dada," nikasema. "Nisamehe."

Alilitazama, akalipokea. "Inuka tuimbe."

Mwongozaji alinifokea njia nzima ya kurudi kwamba nimeharibu mchezo, na alikuwa na haki. Lakini Agripina hakuacha kikundi.

Sasa nimestaafu. Koo langu mimi ndilo lililoharibika kweli, na Agripina hunitania kwamba nilijitabiria. Huja kila Jumapili baada ya misa, tunapika, tunapiga soga. Ila wanangu, jambo moja lilinikaa rohoni miaka yote: je, alinisamehe, au alibanwa tu na jani mbele za watu? Juzi, tukimenya ndizi, nikajikaza nikamwuliza. Hakuinua hata macho kwenye kisu.

"Siku ile jani lilinilazimisha, Mama Neema," akasema. "Hizi Jumapili zote, nani ananilazimisha?"