Biskuti za Kaspa

Lomenen alikuwa mtu wa kunyamaza, na mimi watu wa kunyamaza hunichosha. Nilikuwa nauza chai na mandazi kando ya uwanja wa ndege wa Lodwar, na kazi hiyo haimtaki bubu. Mteja akiketi lazima umpe na maneno, siyo chai peke yake. Yeye alikuwa akija saa nne, anakaa mwisho wa benchi, ananisalimu "Ejok," namjibu "Ejok-noi," na hapo habari zimekwisha. Miaka yote tuliyokuwa majirani sikuwahi kupata kwake maneno ishirini kwa siku moja. Ninayoyajua juu yake nimeyaokota kidogo kidogo, mengine kwa watu wasioweza kufunga midomo, Mungu awabariki.

Mbuzi wake walikwisha katika ukame wa mwaka wa themanini, akaishia kwenye kambi ya chakula ya wamishenari, na huko ndiko alikofundishwa kupika. Mke wake alichukuliwa na kipindupindu. Binti yao wa pekee, Akai, aliolewa na mvuvi kule Todonyang, mpakani na Ethiopia, na Todonyang si mahali pa kusema unaamka tu unakwenda. Akai alikuja mara moja, mtoto mgongoni, akakaa siku mbili. Baada ya hapo zikawa ni salamu tu, tena za kupitia kwa wenye samaki.

Mwaka wa tisini na mbili, wakimbizi wa Sudan walipoanza kumiminika Kakuma, alikuja mzungu mmoja, fundi wa visima, jina lake Henrik. Alichimba maji kambini, lakini nyumba yake ilikuwa hapa Lodwar, na Lomenen akawa mpishi wake. Njiani Kainuk, Henrik aliokota kitoto cha mbwa chekundu, sikio moja limesimama na jingine limelala, akakiita Kaspa. Hapo ndipo mambo ya biskuti yalipoanzia.

Kwao Henrik, mama yake alikuwa akiwaokea mbwa biskuti. Alipomwelekeza Lomenen namna ya kuzitengeneza, Lomenen alidhani anataniwa. Kwa Waturkana, sisemi uongo, mbwa ana kazi zake: analinda boma, anamsafisha mtoto kwa ulimi, na chakula chake ni kile kilichoanguka. Kumwashia jiko mbwa? Lakini mshahara ni mshahara, akaoka. Na akishaingia katika jambo, Lomenen haingii nusu. Unga wa kahawia alioambiwa haukuwepo Lodwar, basi akachanganya wa ngano na wa mahindi. Akachemsha mifupa ya mbuzi asubuhi nzima, akakandia supu ile pamoja na mafuta ya mbuzi, na yai likipatikana. Chumvi hakuna, kitunguu hakuna kabisa, maana Henrik alimwambia kitunguu kinaua mbwa, naye akaishika kama amri ya kanisani. Alikata kwa mdomo wa glasi, akapanga ndani ya sufuria kubwa yenye mchanga chini, makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Zikitoka, alizianika juu ya mabati mpaka ukizigonga zinalia. Jua la Lodwar lilimalizia kazi iliyobaki.

Katikati ya tisini na nne mkataba wa Henrik ulikwisha. Siku ya kuondoka alimshika Lomenen bega, akamwambia, "Nitunzie Kaspa. Baada ya miezi mitatu nitarudi."

Miezi mitatu ikapita. Mwaka ukapita. Nyumba ikapewa wageni wengine waliokuja na mpishi wao, na Lomenen akahamia chumba kimoja nyuma ya kibanda changu, karibu na mto Kawalase, yeye na mbwa. Akawa anaosha vyombo kwenye hoteli, anaitwa kupika kwenye harusi zikitokea. Ila kila Jumamosi, iwe kuna kazi au hakuna, lazima mifupa ichemke.

"Baba Akai," nilikuwa namwambia, "wewe unakula ugali mkavu, mbwa anakula biskuti. Nani amemfuga mwenzake hapo?"

"Bwana akirudi atamkuta sawa," alisema. Basi. Jibu lake lilikuwa hilo hilo, ungedhani amelikariri.

Nilimcheka, sikatai. Lakini mimi nina masikio, na ukuta wetu ulikuwa wa udongo. Mtu huyu aliyeninyima mimi maneno alikuwa akimsimulia mbwa siku nzima! Alimweleza kwa Kiturkana habari za hoteli, nani amevunja sahani, nani amekula akakimbia, mvua imeonekana wapi. Alimwambia habari za mama Akai. Niliwahi kumsikia akimwuliza, "Unafikiri mtoto wa Akai ameshaanza kutembea?" kisha akangoja kama atajibiwa. Siku hiyo nilikuwa nakanda mandazi, nikaacha mikono ndani ya unga. Niliona wivu, kisha nikaona aibu kumwonea mbwa wivu. Mimi nilikuwa na watu wangu Kitale, nina wateja, nina kelele. Yeye alikuwa na Kaspa tu. Angeondoka Kaspa, mzee yule angebaki anaongea na mabati.

Kila baada ya miezi miwili au mitatu alidandia lori kwenda Kakuma kuuliza kwenye ofisi ya kambi kama Bwana amefika. Alibeba biskuti ndani ya mfuko wa kitambaa, ili akimkuta aone kazi haijalala. Karani wa pale alikuwa mkimbizi, Makur, kijana mrefu mwenye adabu, na kila mara alimwambia, "Bado, mzee."

Safari moja, mwaka wa tisini na tano, alirudi na mfuko mtupu. Nilidhani ameibiwa. Ilinichukua vikombe viwili vya chai kumtoa habari. Alikuwa amekaa chini ya kivuli cha ofisi, karibu na foleni ya mgao, na mama mmoja wa Kisudani, Adeng, akauliza mfukoni kuna nini. Akamwambia ni biskuti ya mbwa. Adeng akachukua moja, akaiuma, akatafuna mpaka ikaisha.

"Hii mbwa yako," akamwuliza, "imeandikwa kazi gani?"

Foleni nzima ilicheka. Lomenen hakucheka. Alizigawa zote palepale, akapanda lori.

"Uliona aibu?" nikamwuliza.

"Niliona aibu."

"Basi utaacha?"

Alitazama mbwa aliyelala juu ya mguu wake. "Kaspa hakumkosea yule mama," akasema. Jumamosi mifupa ikachemka tena.

Mwezi wa pili wa tisini na sita dereva wa lori alileta karatasi kutoka kwa Makur. Nilimsomea mimi, kwa sababu macho yake yalikuwa yameanza kumsumbua. Makur aliandika kwamba ujumbe umefika kwenye redio ya ofisi: Bwana Henrik yuko Lokichoggio kwa siku chache, Alhamisi atapitia Lodwar kwa ndege ndogo kumchukua mbwa wake, aende naye kwao. Nikageuza karatasi. Nyuma hapakuwa na kitu.

"Na mimi?" akauliza.

"Hajakutaja, Baba Akai."

Aliikunja karatasi mara nne. Nilitaka kumwambia maneno ya kumfariji. Nikamwambia tu, "Mfiche. Sema amekufa, sema ameliwa na fisi. Nani atauliza?"

"Si wangu, Bilha."

Alhamisi alfajiri alikuja kuniomba makaa. Haikuwa Jumamosi, lakini aliwasha. Alisema safari ya ndege ni ndefu, hajui kama huko juu wanalisha mbwa. Nilimpa makaa mazuri, yale ya mgunga, na nilikuwa na hasira naye.

Ndege ilishuka saa sita. Uwanja wenyewe uko mbele ya kibanda changu, niliona yote. Henrik alikuwa amenenepa, amefuga ndevu. Sitamsingizia ubaya, alimkumbatia Lomenen kwa dhati, akapiga magoti vumbini, akaita, "Kaspa! Kaspa!" Mbwa alimwendea, akamnusa mikono, akatikisa mkia kidogo kama mtu anayesalimia mgeni wa jirani. Kisha akarudi kukaa juu ya mguu wa Lomenen.

Walikuwa wamekuja na kasha la mbao lenye mlango wa waya. Kaspa aliliona akakataa. Henrik akamvuta kwa ukanda, mbwa akajilaza chini. Akamsukuma kwa nyuma, mbwa akageuka akaonyesha meno. Rubani alikuwa anatazama upepo ukichukua vumbi, na Henrik alipojaribu mara ya tatu akasema dakika kumi tu, la sivyo hawataruka.

Henrik alisimama, jasho linamtoka. Alimtazama mbwa, akamtazama Lomenen, na nafikiri aliona.

"Lomenen," akasema, "kama hataki kwenda, sitamfunga kamba kwa nguvu. Nitakuachia. Lakini tujaribu mara ya mwisho. Unazo zile biskuti?"

Nilishika meza. Nilijua ziko kwenye mfuko wa koti lake, nilimwona akizitia.

"Leo sikuoka," akasema Lomenen.

Mtu huyu sikuwahi kumsikia akisema uongo. Alipokosea chenji ya hoteli alirudi kilomita mbili kuisema. Na sasa alisema uongo huo akimtazama Henrik usoni, wala sauti haikutetemeka. Henrik akatikisa kichwa polepole, akaanza kufunga mlango wa kasha. Rubani akapanda. Moyoni nilikuwa nasema, asante Mungu, wanaondoka, asante.

Kaspa akainuka. Aliweka pua kwenye mfuko wa koti la Lomenen, akausukuma, akarudi nyuma hatua moja, akakaa vizuri. Akamtazama usoni akingoja.

Henrik aligeuza uso upande wa ndege. Lomenen alisimama hivyo, mikono imening'inia, na mbwa akasukuma mfuko tena, taratibu, kama mtu anayeuliza kwa heshima kitu anachojua kipo.

Lomenen akatoa biskuti. Alikwenda mwenyewe mpaka kwenye kasha, akaufungua mlango wa waya, akainama, akaiweka ndani kabisa, mwisho. Kaspa akaingia akaifuata. Alikuwa bado anatafuna wakati mlango unafungwa. Mzee akampa Henrik zilizobaki, akamwambia asimpe zaidi ya mbili kwa siku.

Ndege ilipokwisha kupotea nilimwendea pale pale kwenye vumbi. Nilikuwa nalia, na mimi nikilia hukasirika.

"Ulikuwa umeshashinda!" nikamwambia. "Ulikuwa umebaki naye! Ungenyamaza tu, kunyamaza ndiyo kazi unayoijua!"

Macho yake yalikuwa makavu.

"Watu nimewadanganya," akasema. "Lakini yeye alijua iko, Bilha. Aliniomba. Ningemnyima namna gani?"

Nilimshika mkono, nikamkalisha kwenye benchi, nikammiminia chai. Aliizungusha kikombeni mpaka ikapoa, akainuka, akaenda chumbani kwake. Jioni nzima nilikuwa upande wangu wa ukuta nikisikiliza, na hakusema kitu.