Sensa ya Gari Lililochuchumaa

Fundi wa magari wa mtaa wa Mowlem hagusi gari kabla ya kulisalimu. Hulaza kiganja juu ya madigadi, husema, "Sasa, mrembo," kisha huingiza vidole kati ya tairi na bodi, polepole, kama asiyetaka kuliamsha. Jioni hiyo hata kidole kimoja hakikupita, na Nangila, mwenye gari, akatazama saa. Alfajiri ya kesho yake alikuwa ampeleke mamake Webuye, na goti bovu la mama lisingemwinua kutoka kwenye kiti kilichochuchumaa namna ile.

"Baluni ya upepo inayolibeba imetoboka?"

"Zii, madam. Ni sensa."

"Sensa si ya kuhesabu watu?"

"Hata hii huhesabu, kimo cha gari. Sasa imeshikwa na kutu, inaliambia gari liko juu sana, nalo kwa utiifu wake linajishusha." Alisema hivyo macho ameyafumba, mkono umezama chini ya gari hadi begani.

Alipokwisha kufunga sensa mpya, akamwambia Nangila awashe injini na asishuke. Pampu ya upepo ikanguruma kama paka aliyeshiba. Kwenye kioo cha pembeni Nangila akamwona fundi amelaza kiganja pale pale juu ya madigadi, na gari lilipoanza kupanda, naye akapanda nalo: visigino vikaachana na vumbi, kidevu kikainuka, hata nyusi. Gari likatulia. Yeye akabaki kwenye ncha za vidole, pumzi ameishika, kana kwamba hakuna aliyemwambia kuwa wamefika.