Kilio cha Mara Moja

Hebu mwone akiingia studioni: mwanamama mwenye kikapu kwapani, anasalimia kila mtu hadi mshika taa. Miaka thelathini ameigiza mama mkwe, jirani, muuguzi, na jina lake hupita mwishoni mwa filamu, watazamaji wakishainuka vitini. Kazi aliijua zamani, mkanda wa filamu ulipokuwa ghali na mwigizaji akikosea anaonyeshwa mlango. Ndiyo maana mpaka leo hujifungia chooni, akanong'ona maneno yake mara arobaini, kisha mbele ya kamera akayatoa mara moja tu.

Leo amemlilia mwanawe wa kwenye filamu mpaka fundi wa sauti akafuta macho.

"Safi, mama! Sasa turudie mara nane hivi, nitachagua," akasema mwongozaji, ambaye hajawahi kuona mkanda ukiisha.

"Nimeshalia, mwanangu. Ulikuwa wapi?"

"Usiporudia nafuta kipande hiki, namwita mwingine."

Mama anajua nafasi hii ameisubiri mwaka mzima. Akaketi, akakunja nne, akatoa chungwa kikapuni, akaanza kulimenya taratibu.

"Mwite. Mwambie alie kunishinda."

Kidole cha mwongozaji kimesimama juu ya kitufe cha kufuta. Ungekuwa wewe, ungebonyeza?