Mstari Mmoja wa Kikannada

Wiki iliyopita alifariki mzee mmoja wa Igogo, muuza vipuri vya baiskeli pale Mabatini, nami nikampoteza mtu pekee aliyewahi kuniambia sijui mapenzi, nikakubali. Alizaliwa kusini mwa India, na lugha yake ya mama ilikuwa Kikannada. Kwa nilivyojua, hapa mjini hakuwa na mwingine wa kuzungumza naye lugha hiyo. Alichobaki nacho ni sinema za zamani za kwao, zile zisizo na rangi, na Jumapili alasiri alinikaribisha tuzitazame.

Mimi nilichoka upesi. Kijana anamwona mkewe akichota maji, basi, anaimba mpaka chai yetu inapoa. "Mzee, huyu hana kazi?" nilimchokoza siku moja. Akacheka. "Mwandishi mzima hujui kubembeleza! Hayo yalikuwa mashairi kabla hayajaingia kwenye sinema. Washairi wetu waliwasifu wake zao wenyewe, hawa hawa waliogombana nao asubuhi. Sinema ilikuja kuazima tu." Mkewe, Msukuma wa Sengerema, akauliza kutoka jikoni, "Sasa hapo anasemaje?" Mzee akajibu kama alivyojibu siku zote, "Anakusifia wewe," na mama akamwambia aache uongo. Niliwaonea wivu. Siku hizi tunatumiana kopa za simu, vile vimoyo vyekundu, tena kopa moja inatumwa kwa watu watatu. Natamani mno ule utulivu wa kumtazama mtu mpaka umpatie maneno yanayomfaa yeye tu.

Siku ya kumuaga, kabla mwili haujatolewa nyumbani, mama aliinama akamwimbia mumewe mstari mmoja wa Kikannada. Hakuna aliyejua kwamba ameushika. Kumbe miaka yote alikuwa akijifunza kwa sikio kule jikoni, akisubiri aujue vizuri ndipo amwimbie. Alipomaliza, akanigeukia.

"Mwanangu, wewe ulikuwa unatazama naye. Nimepatia?"

Nilimshika mkono. Wa kumjibu alikuwa amelala mbele yetu. Nilirudi nyumbani na uchungu ule, na bado ninao. Wasomaji wangu, neno la mapenzi mwambieni mwenyewe, hata kama hamjalijua vizuri. Akiwacheka, na awacheke. Mama yule angefurahi sana kuchekwa.